Asukile Anaimba kwa Pafu Moja

Kwa Mwalimu Sedekia,
Shule ya Kanisa, Iyunga,
Mbeya, Tanganyika.
14 Julai 1957

Mpendwa kaka Yotamu,

Kabla sijakusalimu, naandika neno hili moja ili usisome barua hii moyo ukikudunda bure: Asukile hajafa. Yuko hapa uani, amekaa kwenye kigoda, amejifunika blanketi mpaka masikioni kwa sababu ya baridi hii ya Julai, anamenya ndizi ambazo mama atapika mchana. Anazimenya vibaya, nusu ya ndizi inakwenda na ganda. Mama anamgombeza. Ndivyo tulivyo asubuhi ya leo.

Sasa naweza kukusalimu. Ugonile, kaka? Hali yako ikoje huko Kitwe? Unalala vizuri, unakula vizuri? Sisi huku ni wazima. Mama magoti yanamsumbua wakati wa baridi, lakini kanisani anakwenda kwa miguu yake na kurudi, na akirudi ana habari za watu wote. Mahindi yamekauka, tumeanza kuvuna. Mungu ametutunza.

Barua yako ya tarehe mbili Juni tumeipata. Niliisoma kwa sauti mbele ya mama. Nilipofika pale unapouliza tumemzika Asukile wapi, kando ya baba au huko huko Iringa, niliurudia mstari mara mbili. Nikaendelea kusoma namna mlivyosikia santuri kambini, namna yule mzee wa Tukuyu alivyovua kofia, na wewe ukatoka nje kwa sababu ilikuwa sauti ya mdogo wako na wote wanakwambia ni marehemu. Mama alikwenda mlangoni. Halafu akaita kwa nguvu, "Asukile! Njoo usikie msiba wako!" Akacheka, kisha akalia, kisha akaenda kuchochea moto.

Tulikuandikia, kaka, usidhani tulinyamaza. Barua tatu tulizipeleka Johannesburg, zote zikarudi na muhuri wa posta, maana hatukujua kwamba umehama migodi ya dhahabu na kwenda kwenye shaba. Kwa hiyo hujui lolote, na mimi nitakueleza lote.

Ulipoondoka mwaka 1952 ulimwacha Asukile Chunya. Unakumbuka kazi yake, kuponda mawe ya dhahabu. Akirudi nyumbani nywele zilikuwa nyeupe kwa vumbi, watoto wanamwita babu. Jumamosi na Jumapili alikuwa akipiga gitaa, na nyimbo alikuwa anatunga mwenyewe. Aliimba habari za wachimbaji, za wanawake wa Chunya wanaotafuta maji wakati wa kiangazi, za dereva aliyepotea njia akasingizia ukungu. Madereva wa malori walizipenda wakazibeba. Mwaka uliofuata aliacha machimbo akahamia Mbeya mjini, akashirikiana na Ezekia, yule kijana wa Rungwe mwenye kucha ndefu za mkono wa kulia. Wakawa wanaitwa kwenye harusi na kwenye dansi za klabu. Asukile alinunua mashati mawili meupe. Jina lake lilikuwa limeanza kwenda mbele yake; anafika mahali hajawahi kufika, anakuta watu wanaimba wimbo wake.

Alikuwa anakohoa. Tulimwona, tukaona pia kwamba amekonda, tukasema ni kwa sababu hali chakula kwa wakati. Akikohoa anageuza uso, kisha anatoa mzaha, na sisi tunacheka. Ninajilaumu kwa kule kucheka.

Mwezi wa nane mwaka 1954 kulikuwa na harusi hapa Iyunga, mchana, jua limewaka vizuri. Aliimba wimbo aliokuwa ametunga juu yako. Ni huo mliousikia kwenye santuri, lakini wakati ule ulikuwa bado mpya:

Kaka kaenda kusini,
mama kapika ndizi.
Ndizi zimepoa,
mama kazipasha,
kaka hajatokea.

Baada ya hapo linakuja lile neno "rudi", ambalo linavutwa kwa muda mrefu, linapanda halafu linashuka polepole. Asukile alivuta pumzi ili aliseme. Neno halikutoka. Ilitoka damu, ikamwagika kwenye shati jeupe na kwenye uso wa gitaa. Watu walirudi nyuma. Bibi harusi ndiye aliyemfikia wa kwanza; alimfuta mdomo kwa shela yake, akaendelea kumshika kichwa mpaka tulipopata gari.

Hospitali ya Mbeya walimpiga picha ya kifua. Daktari alituonyesha mimi na mama ile picha mbele ya dirisha. Alisema ni kifua kikuu, kimepanda juu ya mapafu yaliyokwisha kuharibiwa na vumbi la mawe. Pafu la kushoto lilikuwa limetoboka kama nguo iliyoliwa na mende. La kulia lilikuwa na doa. Akamwambia Asukile aache kuimba.

"Kwa muda gani, daktari?" Asukile akauliza.

"Wewe unataka kuishi kwa muda gani?"

Asukile alichukua shati lake akavaa.

Kitanda kilipatikana hospitali ya misheni, Tosamaganga, ng'ambo ya Iringa. Mimi nilikuwa nafundisha watoto wa darasa la kwanza shuleni kwa Mwalimu Sedekia. Nilimwomba ruhusa ya miezi miwili, akanipa. Kumbe nilikuwa nakwenda kukaa miezi ishirini na saba. Mama alitufungia ndizi na mchele, akaniita pembeni akaninong'oneza, "Wasije wakamfanya Mkatoliki." Nikamwambia, "Mama, wakimponya, hayo tutazungumza baadaye."

Pale Tosamaganga nilipata mahali pa kukaa kwa mjane mmoja wa Kihehe, Mama Tekla Kalinga. Nilimsaidia shambani, yeye akanipa chumba na chakula. Ni mwanamke wa miaka kama hamsini, mnene, mwenye sauti ambayo ukiisikia ng'ambo ya bonde unaweza kujua amekasirika au amefurahi. Kazi yake kwa majirani ilikuwa kuongoza nyimbo msibani. Mtu akifa, kwanza wanamwita padri, kisha wanamwita Mama Tekla.

Wagonjwa wa kifua walilala barazani ili wapate hewa, mablanketi matatu matatu, na upepo wa Iringa unaujua. Kila mmoja alikuwa na kikombe chake chenye alama. Mimi nilikaa kwenye benchi mbali naye. Kila asubuhi walimchoma sindano, na vidonge alivyomeza vilikuwa vikubwa, vinamchafua tumbo. Msimamizi wa wadi alikuwa Sista Benedicta, mtawa wa Kibena, mfupi, anayetembea haraka. Siku ya kwanza kabisa alilichukua gitaa la Asukile akalifungia stoo pamoja na mashuka.

"Sista," Asukile akamsihi, "gitaa halina kifua kikuu."

"Gitaa halina. Wewe unacho, na ukiliona utaimba."

Kwa hiyo alianza kuandika. Nilimnunulia daftari, akaandika maneno ya nyimbo kwa penseli, na juu ya maneno akaweka alama zake za kupanda na kushuka ambazo yeye tu alizielewa. Ikifika jioni ananionyesha kwa mbali. Nilikuwa nasoma maneno tu, bila sauti, na nilikuwa nasikia uchungu kwa sababu maneno yalikuwa mazuri.

Mwezi wa tano tangu tufike, masikio yake yalianza kulia. Alisema kuna nzige ndani ya kichwa. Halafu akawa haisikii kengele ndogo ya Sista. Akisimama anayumba, anashika ukuta. Daktari wa misheni alikuja, akamjaribu kwa saa yake ya mfukoni, akaisogeza karibu na sikio, akaisogeza zaidi. Akaketi kitandani kwake, jambo ambalo hakulifanya kwa mtu mwingine.

Alisema sindano ndiyo inayoponya kifua upesi, lakini kwa watu wengine inaua masikio, na masikio yakifa hayarudi. Tukiendelea na sindano, huenda baada ya miezi kumi angetoka amepona akiwa kiziwi. Tukiacha sindano na kubaki na vidonge, kungechukua muda mrefu zaidi, na hakuna aliyeweza kuahidi kwamba vidonge peke yake vingetosha.

Nilitaka kusema endeleeni na sindano. Kaka, nilitaka kusema hivyo. Kiziwi aliye hai ni bora kwangu kuliko mwanamuziki kaburini. Asukile aliniangalia akajua ninalotaka kusema, akanitangulia.

"Sekela, nikitoka hapa sisikii, nitakuwa nimetoka nikiwa nani?"

Sindano ziliachwa. Nilikaa siku tatu bila kuzungumza naye sawasawa. Masikio yalitulia baada ya wiki kadhaa, ingawa sauti nyembamba kama ya mbu haisikii mpaka leo. Akitaka kukaza nyuzi za gitaa siku hizi, analaza shavu lake juu ya mbao na kusikiliza kwa mfupa.

Mama Tekla naye alianza kuja kumtazama. Jumapili moja baada ya Misa alifika akaketi kwenye benchi langu, akaliona daftari. Hajui kusoma. Akamwambia Asukile amsomee. Asukile akamnong'onezea mstari mmoja, na kwa kidole akapiga mapigo kwenye ubao wa kitanda. Mama Tekla aliurudisha ule mstari kwa sauti yake yote. Baraza zima likageuka. Mzee mmoja aliyekuwa hajainua kichwa tangu Krismasi akaketi. Sista Benedicta alikuja mbio.

"Nani anaimba wadini kwangu?"

"Ni mimi, Sista," Mama Tekla akajibu. "Na mimi mapafu yangu ni mazima."

Sista akageuka akarudi kwa wagonjwa wake. Baada ya siku hiyo, kila Jumapili Asukile alinong'ona na Mama Tekla aliimba. Alizibeba nyimbo hizo kwenye mavuno, kwenye harusi, kwenye soko la Iringa, na kwa watu wanaokusanyika kunywa ulanzi wakati mianzi inapotoa utomvu. Kila mahali, kabla hajaanza, alisema, "Huu ni wa kijana wangu wa Kinyakyusa. Yuko kitandani. Msimsahau." Madereva wakaanza kuleta salamu. Mmoja alileta mkungu wa ndizi kutoka kwa mama na habari kutoka Mbeya, na habari hizo ndizo zilizokaribia kummaliza Asukile.

Dereva huyo alisema Ezekia anaimba nyimbo za Asukile kwenye dansi zote, na anapoanza huvua kofia na kusema, "Huu ni wimbo wa marehemu ndugu yangu." Watu wanampa pole, wanamshangilia. Hivyo ndivyo kifo cha Asukile kilivyoanza, kaka, na kutoka hapo kikapanda malori kikaenda mpaka kwenu.

Asukile aligeukia ukutani. Siku ile hakumeza vidonge, na siku iliyofuata hakumeza. Sista alimbembeleza, akamkemea, akamwitia padri. Mimi nililia mbele yake bila aibu. Alisema tu, "Kama nimekwisha kufa, vidonge vya nini?" Daktari alituambia wazi kwamba akiacha vidonge katikati, ugonjwa utarudi ukiwa na nguvu na hakutakuwa na dawa nyingine.

Siku ya tatu asubuhi nilimweleza Mama Tekla tukiwa shambani. Alitupa jembe. Alikwenda vilevile, matope miguuni, akapita wadi nzima bila kumsalimu mtu, akasimama juu ya Asukile.

"Mimi nimezika watu wengi," akamwambia. "Nimewaosha, nimewaimbia. Sijawahi kuona maiti inayonuna."

Tuliona blanketi linatikisika. Nilidhani analia. Alikuwa anacheka, akacheka mpaka akakohoa, na alipomaliza kukohoa akanyoosha mkono kwa Sista ili apewe vidonge. Hakukosa tena hata siku moja. Makohozi yake yalipopimwa mara tatu mfululizo yakakutwa safi, Sista Benedicta alikwenda stoo mwenyewe akamletea gitaa. Alikuwa amelifunga kwenye shuka, na nyuzi alikuwa amezilegeza ili shingo isipinde. Nani alimfundisha, hajasema mpaka leo.

Alitoka hospitali mwezi wa tano mwaka jana. Pafu la kushoto limelala na halitaamka. La kulia limepona, lina kovu. Daktari alimruhusu kuimba akiwa ameketi, nyimbo tatu kwa siku na zaidi ya hapo hapana, mahali penye hewa, pasipo na moshi. Asikeshe. Akasema pia akae karibu kwa miezi kadhaa ili apimwe, kwa hiyo tulibaki kwa Mama Tekla.

Hapo ndipo nilipoona kazi yake, kaka. Zamani alikuwa anaimba kama mtu anayemwaga maji kwenye ndoo. Sasa pumzi yake inatosha maneno manne, matano. Alikaa mbele ya nyumba akazivunja nyimbo zake zote akazijenga upya. Mstari unakuwa mfupi, kisha anaacha, gitaa linazungumza peke yake, naye anavuta pumzi. Mara ya kwanza alipoimba hivyo mbele ya majirani niliogopa kwamba wataona ni mgonjwa. Hawakuona hivyo. Alipoacha, waliegemea mbele wote, wakisubiri neno linalofuata, na lilipokuja lilikuwa kama mtu amekuambia siri. Ila "rudi" hakuliweza. Aliliruka.

Mwezi wa tisa dereva mmoja alituambia kuna watu wamekuja kutoka Nairobi na mashine ya kunasia sauti, Mhindi mmoja na msaidizi wake, wako Iringa mjini kwenye darasa la shule, na wapiga gitaa wote wanakwenda Jumamosi. Tulikwenda, Asukile, mimi na Mama Tekla. Walikuwa wametundika mablanketi madirishani ili sauti za nje zisiingie. Tulipofika mlangoni, ndani palikuwa na mtu anapiga gitaa. Kucha ndefu za mkono wa kulia. Alikuwa anaimba "Kaka kaenda kusini".

Ezekia aliinua macho akamwona Asukile. Vidole vilisimama. Alisimama hata kiti kikaanguka.

"Walisema umekufa," akasema.

"Ni wewe uliyesema."

Yule bwana wa mashine alivua vitu vyake vya masikioni, akauliza kuna nini. Mimi nilikuwa nimejiandaa miezi mingi. Nilikuwa na maneno ya kumwambia Ezekia ambayo siwezi kuyaandika katika barua inayopitia kwa mwalimu. Nilikuwa nimefungua mdomo, Asukile akanishika mkono. Akamuuliza Ezekia taratibu, "Kwa nini?"

Ezekia alitazama chini. Alisema alikuja hospitali ya Mbeya siku mbili baada ya harusi, akakuta kitanda kitupu, mgonjwa wa jirani akamwambia huyo wamemchukua. Akaamini. Alisema mara ya kwanza alipoimba na kulitaja jina la marehemu alilia kweli. Halafu baada ya miezi sita akasikia kwa dereva kwamba Asukile yu hai. "Lakini watu walikuwa wamekwisha kuzoea," akasema. "Nikaona aibu kuwaambia. Nikaendelea."

Asukile alikaa kimya, naye akikaa kimya huwezi kujua kama amekasirika au anavuta pumzi. Kisha akamgeukia yule bwana. "Wimbo huu nimeutunga mimi," akasema. "Andika jina langu. Asukile."

Alikaa kwenye kiti, akajaribu peke yake. Katikati kikohozi kikamshika, na yule bwana akazima mashine. Akatazama saa. Alisema kuna watu kumi nje wanasubiri, anaweza kumpa nafasi moja tu tena. Niliona Asukile anawaza. Jasho lilikuwa linamtoka, na chumba kile chenye mablanketi hakikuwa na hewa.

"Fungueni dirisha moja," akasema. "Kelele ikiingia, iingie. Mama Tekla, simama hapa nyuma yangu, neno la 'rudi' ni lako. Ezekia, chukua gitaa lako, wimbo unaujua."

"Nitaimba ndani ya sanduku hilo?" Mama Tekla akauliza, akiitazama mashine kwa shaka.

"Imba kama unavyoimba shambani."

Uliuliza katika barua yako mwanamke yule ni nani, anayeita kwa sauti kubwa hata mlimwona kama mama yenu nyote. Ndiye huyo. Na ukisikiliza vizuri mwishoni, kuna jogoo anawika kwa mbali. Ni wa pale shuleni, aliingia kwa dirisha. Upande wa pili wa santuri, ule wimbo wa mwanamke anayefunga ufunguo wa stoo kiunoni, ni wa Sista Benedicta. Ameusikia. Alisema una makosa, kwamba stoo ile haina ufunguo bali kufuli la namba, na hakusema lingine, lakini ameomba apelekewe santuri.

Tulirudi nyumbani mwezi wa kumi na mbili. Sasa kila Jumamosi alasiri Asukile anaimba mjini Mbeya, ameketi, nyimbo tatu. Madirisha yanafunguliwa, na anayetaka kuvuta sigara anatoka nje. Watu wamezoea, siku hizi wanakemeana wenyewe. Mapema mwaka huu santuri ilianza kusikika redioni, na wametuandikia kutoka Dar es Salaam wakimwomba aende mwezi wa kumi. Atakwenda kwa basi, atapumzika Iringa kwa Mama Tekla siku mbili, kisha wataondoka pamoja, maana bila yeye hakuna wimbo. Mama Tekla ameanza kuuliza kuhusu joto la huko. Vijana wawili kutoka Igowole wamemwandikia Asukile wakitaka kujifunza "kuimba kwa kuacha". Anacheka. Hawajui kwamba anaacha kwa kukosa pumzi.

Sikufichi, kaka. Kila baada ya miezi sita anarudi Tosamaganga kupimwa. Juni hii alikuwa safi. Lakini daktari anasema mafua makali tu yanaweza kumwangusha, na asubuhi nyingine akiamka midomo ina rangi nisiyoipenda. Yeye analijua hilo kuliko sisi. Ana nyimbo kumi na saba mpya kwenye daftari, na anaziandika kwa maneno na alama ambazo sasa amenifundisha kuzisoma.

Ezekia anapiga gitaa la pili. Asukile alimsamehe siku ileile. Mimi bado ninaomba niweze. Akija hapa namkaribisha chai, lakini sukari anajiwekea mwenyewe.

Na mimi nina habari yangu. Mwalimu Sedekia, niliyemwomba miezi miwili, alinisubiri ishirini na saba, na hakuandika barua hata moja ya kunihimiza. Tulifunga ndoa baada ya Pasaka. Kwa hiyo anwani uliyoiona hapo juu ni ya shemeji yako, na ni nyumbani kwangu. Mama na Asukile tunakaa nao pamoja.

Nimechelewesha jambo moja, kwa sababu sikujua niliandikeje. Wiki iliyopita alikuja hapa Jailos, mtoto wa yule fundi seremala, amerudi likizo kutoka Kitwe. Alikula nasi. Mama alipokwenda jikoni aliniambia kwamba wewe unakohoa. Kwamba ni tangu mwaka jana, kwamba unaamka umelowa jasho, na kwamba umemkataza kutuambia. Usimkasirikie. Kaka, umeandika kurasa nne za kumlilia Asukile, na hukuandika hata mstari mmoja juu ya kifua chako. Sijamwambia mama. Nimemwambia Asukile, naye ameomba nimwachie nafasi chini ya jina langu.

Nakuomba kama dada yako: nenda hospitali ya mgodi. Ukiona hawakusikilizi, panda gari uje. Tosamaganga tunaijua, Sista tunamjua, na Mama Tekla ana chumba.

Mama anakusalimu sana, anasema ndaga fijo kwa blanketi ulilomtumia, analala nalo. Mwalimu Sedekia anakusalimu na anatamani kukuona. Mama Tekla, ambaye hajakuona, anakusalimu kwa jina. Nisalimie yule mzee wa Tukuyu, umwambie avae kofia yake. Bwana akulinde unaposhuka mgodini na unapopanda, akurudishe kwetu ukiwa mzima.

Ni mimi dada yako, nikupendaye siku zote,
Sekela

Kaka Yotamu, ni mimi. Nimesoma yote aliyoandika Sekela, amekuwa mkali mno kwa Ezekia. Sina pumzi ya maneno mengi hata kwa kalamu. Najua unaogopa ile picha ya kifua. Niliiogopa mimi pia, nikaona ni afadhali nisijue. Nikueleze ilivyo. Unavua shati. Unaegemeza kifua kwenye ubao, ubao huo una baridi sana, utashtuka. Mtu anakuambia kutoka nyuma, vuta pumzi, ishike. Unaishika. Kinalia kitu, tak. Wanakuambia pumua. Hakuna maumivu yoyote. Imekwisha. Nenda Jumatatu.

Mdogo wako,
Asukile